Mdogo Wangu Amenipita Umri, Sasa Anataka Nimwite Dada

Mpendwa mshauri, naomba unisaidie kabla sijaharibu zaidi. Mimi ni mtoto wa kwanza wa mama yangu, na mdogo wangu Gyeong-ok tumepishana miaka mitatu. Mama alipolazwa na kiharusi, mimi ndiye niliyebaki kumwogesha, kumlisha uji na kumgeuza kitandani kwa miaka sita, mwenzangu akiwa mjini kwenye kiwanda cha tambi. Msimu mmoja wa uyoga nikamwita nikamwambia njoo unipokee wiki mbili tu, nikachume uyoga Saetgol, nipate na kupumua. Akaja.

Bonde la Saetgol unalijua, siku zake hazina kipimo kimoja, ndiyo maana pale langoni pana ubao, na mzee Deok-man anauandika kila asubuhi siku moja ya ndani ni ngapi za nje. Nilipoingia uliandikwa siku moja kwa siku mbili, si kitu. Siku ya tisa kengele ya hatari ikalia, wachumaji wakatupa vikapu wakakimbia, na Deok-man akaja mpaka mlangoni pa kibanda changu akipiga kelele, "Wee Pil-sun, toka! Siku moja sasa ni nusu mwaka!" Mimi nikajifunika blanketi. Mshauri, kwa miaka sita sikuwahi kulala bila kuitwa, maji, mgongo, dirisha, na pale nilikuwa nimelala kweli, nikajiambia nitatoka nikishaamka. Nilipoamka nikajua nusu mwaka umeshapita, nikaona aibu kurudi, nikasema nisubiri ubao ushuke, na kila siku niliyosubiri aibu ikazidi. Nilitoka siku ya arobaini na tatu.

Nilibisha hodi nyumbani, akafungua mwanamke mwenye mvi, nikamwambia, "Mama, umepona!"

Akanitazama. "Mama tulimzika miaka sita iliyopita. Mimi Gyeong-ok. Vua viatu, unaingiza matope." Halafu akiwa ameshanipa mgongo akaongeza, "Kazini niliomba ruhusa ya wiki mbili."

Ilikuwa imepita miaka kumi na saba. Mimi bado nina thelathini na nne, yeye ana arobaini na minane. Mama aliishi miaka kumi na mmoja mikononi mwake. Kulikuwa na fundi matrekta aliyetaka kumwoa, alimngoja miaka minne, akachoka, akaoa kwingine, hayo niliambiwa na shangazi.

Basi mwezi uliopita ilikuwa siku ya kumkumbuka Mama, meza imeandaliwa, ndugu wote wamepiga magoti, na Gyeong-ok akanyanyua kikombe amimine pombe ya kwanza, nami nikamshika mkono, nikakichukua, nikasema mkubwa nipo. Shangazi akauliza, "Mkubwa wa cheti au wa mvi?" Watu wakacheka. Mdogo wangu hakucheka, alitoka akaenda kuosha figili uani kwenye baridi, hakurudi mpaka wageni walipoondoka. Usiku ule aliniambia neno moja tu: "Uniite Dada, au utafute pa kukaa."

Mshauri, nitamwitaje dada mtu niliyembeba mgongoni? Sheria ya mkubwa na mdogo inasemaje? Na jambo jingine, watu wote wanajua kwamba sikuisikia kengele, kwa sababu hivyo ndivyo nilivyowaambia, na Deok-man alishakufa.

Mimi niliyepitwa,
Pil-sun (usilitoe jina langu la ukoo)

MSHAURI ANAJIBU

Pil-sun, umeniuliza nani mkubwa, swali ambalo karani yeyote wa kata angekujibu bila kuinua kichwa. Kengele umeiweka mwishoni, kama mtu anayemweleza daktari habari za mafua huku mguu umevunjika.

Nianze na haki yako. Miaka sita peke yako na mgonjwa ni mingi, na aliyekuwa mjini alipaswa kuja mapema. Kuchoka si dhambi. Hata usingizi wa siku ile ya kwanza ningeutetea mbele ya ndugu zako wote. Lakini siku thelathini na tatu zilizofuata hukuwa umelala, Pil-sun. Ulikuwa unajificha, na kila ulipojigeuza pale kibandani, mwenzako alimgeuza mgonjwa nusu mwaka mzima. Kisha ukarudi, ukamnyang'anya kikombe. Huoni haya?

Usimwite Dada bado. Ukianza na hilo, utakuwa unamhonga. Kwanza mwambie kwamba uliisikia. Usimwambie mbele ya ndugu, huko utatafuta kuhurumiwa. Mwambie nyumbani, mkiwa wawili, mchana, mikono yenu ikiwa na kazi. Usiseme "lakini." Miaka yako sita usiitaje, anaijua. Na huyo fundi matrekta usimguse kabisa mpaka amtaje mwenyewe.

Huenda ameshajua siku nyingi. Deok-man alikuwa na mdomo, na miaka kumi na saba ni mirefu kwa mtu kunyamaza. Kama ni hivyo, anachosubiri si jina la Dada, anakusubiri wewe useme.

Akikufukuza, nenda kwa shangazi yako. Bondeni usikanyage, hata ubao ukiandikwa siku kwa siku. Ukitoka huko utakuta kaburi la pili, na hapo hutakuwa na wa kugombana naye.

Tena hesabu vizuri: wewe ni kijana kuliko yeye kwa miaka kumi na minne. Atazeeka kabla yako, hana mume wala mtoto, na atakayemwogesha ni wewe. Hiyo ndiyo sheria ya mkubwa na mdogo uliyoniuliza.

Ukishasema, usimsukume ajibu. Akilia, mwache alie. Akitukana, umestahili. Akinyamaza, nyamaza naye, ila usitoke chumbani.