Bakuli la Mwisho la Kabichi ya Ellinor

Mwaka umetimia, Mama Ellinor, tangu moyo wako uliposimama hapa nyumbani Svendborg, katikati ya Majilio. Jioni iliyotangulia ulikuwa umepika kabichi nyekundu ya Krismasi. Ulizoea kusema kabichi iliyopikwa leo haifai kuliwa leo, ilale kwanza, kisha ipashwe moto. Ukailaza. Wewe ndiye hukuamka.

Krismasi ile hatukuchoma bata, wala mishumaa ya mti hatukuiwasha. Binti yako Dorthe alilitia bakuli la kabichi kwenye friza, na Baba akasema lisiguswe. Likakaa humo mwaka mzima.

Uliwauguza wazee majumbani mwao, na kila Desemba ulipakia kabichi kwenye kikapu cha baiskeli ukawapelekea wasiokuwa na mtu wa kukaa naye mezani. Mpaka leo wanatuuliza habari zako, ingawa walikuja kukuzika. Wanapenda tu kulitaja jina lako.

Jikoni ulikuwa mkali. Aliyefunua sufuria aonje alichapwa mwiko mkononi, na aliyechapwa zaidi ni Baba.

"Holger, bata umeshanunua, inatosha. Funika sufuria, ukakae."

Naye alikwenda kukaa, huku akilamba kidole. Tunautamani hata ukali ule.

Mwaka huu Baba alisema atapika mwenyewe. Alikatakata kabichi mpaka vidole vikawa zambarau, akaikaanga kwa mafuta ya bata, akatia maji na sukari. Ikageuka buluu, kama maji ya kufulia.

"Baba, siki umetia?" Dorthe aliuliza.

"Siki ya nini? Kwani hii achari?"

"Ndiyo inayoshika wekundu. Na maji ya matunda ya kile kichaka cha Mama uani, umetia?"

Hakuwa ametia. Walipovitia vyote viwili, wekundu ulirudi. Baba akaonja, akaonja tena, akatikisa kichwa.

"Rangi ni yake. Ladha siyo."

"Mama hakuwa akipima kitu. Tufungue lile bakuli, uonje."

"Tukilifungua litaisha, mwanangu."

"Tusipolifungua tutasahau ladha yake, Baba."

Baba alisimama mbele ya friza kwa muda mrefu, mkono juu ya mlango. Mwishowe akalitoa, akapasha kabichi yako kwa moto mdogo, kama ulivyokuwa ukifanya. Harufu yako ikajaa nyumba. Mjukuu wako Asta alitoka chumbani mbio, akafika mlangoni mwa jiko akakuta ni babu yake. Akasimama pale pale.

Baba alionja kijiko kimoja. Akaweka kijiko chini, akalia kilio ambacho hata makaburini hakukilia.

"Karafuu," alisema alipoweza kusema. "Alikuwa anatia karafuu."

Basi akatia karafuu, halafu akaimimina kabichi yako yote ndani ya yake, akakoroga. Tulidhani amemaliza. Kumbe alichota kutoka sufuria ile, akalijaza tena bakuli lako, akalirudisha kwenye friza, mahali pale pale.

"Hili ni la mwakani," alituambia. "Nitalimimina kwenye sufuria ya mwakani, na humo nitachota la mwaka utakaofuata. Nataka kila Krismasi awemo."

Mkesha wa Krismasi tutashikana mikono, tuuzunguke mti tukiimba, na duara litakuwa dogo. Hatuna dawa ya hilo. Umetuachia pengo, Mama, nasi bado tunaumia.

Unakumbukwa na mumeo Holger, binti yako Dorthe na mumewe Jeppe, mjukuu wako Asta, dada yako Valborg, na wazee wako wote wa kikapu cha baiskeli.

Hatutakusahau siku zote za maisha yetu. Na sufuria, Mama, tumeifunika.