Upande wa Pili wa Machela

Rahaleo, Mtwara
12 Machi 1972

Mama mpendwa,

Shikamoo. Nakusalimu wewe na wote wa hapo Shirati. Mguu wako unaendeleaje? Mimi joto la huku tu ndilo linanitesa, mengine ni neema ya Mungu.

Bandarini tumeanza mafunzo ya mgambo. Sasa tunatembea na magongo, lakini baada ya Pasaka tutapewa bunduki za kweli. Nimemwambia msimamizi wetu, Bwana Bakari, kwamba nitakimbia, nitachimba mahandaki, nitabeba maji ya kikosi kizima, ila bunduki sishiki, kwa sababu sisi watu wa Kanisa la Mennonite hatuui. Akaniuliza, "Mreno akija utampigia magoti?" Wenzangu walicheka sana. Siku hizi wananiita Padri, na kanisa letu hata padri halina.

Hilo nalivumilia. Linaloniumiza ni la Celeste, yule binti niliyekuandikia habari zake. Baba yake, Mzee Fernando, ni Mmakonde wa ng'ambo ya Ruvuma. Wareno walichoma kijiji chake na mke wake akafia humo. Ameniambia waziwazi kwamba hatamtoa binti yake kwa mwanamume wa kukaa na kutazama. Nampenda Celeste, mama, na bunduki sitaishika. Niombee.

Kazi ni nyingi. Winchi yangu haipoi, meli zinaleta makasha mazito ya wapiganaji wa Msumbiji.

Mwanao,
Lukasi


Shirati
16 Aprili 1972

Lukasi mwanangu,

Marahaba. Barua imefika na nimeisoma mara mbili. Mguu unauma mvua ikinyesha, ikikatika nasahau kama nina mguu. Mbuzi wetu amezaa pacha.

Kuhusu bunduki umesema vizuri, na marehemu baba yako angefurahi. Huyo mzee usimchukie. Mtu aliyemwokota mke wake kwenye majivu ana haki ya kutuuliza swali lile, nami sina jibu la haraka la kumpa.

Lakini nami nina swali langu. Hayo makasha mazito unayoshusha, ndani mna nini? Mahindi? Unakataa kushika bunduki moja mbele za watu, halafu unashusha mia kwa winchi na kupokea mshahara. Usinijibu kwamba hujui. Nimekulea, huwa naona ukiwa unajua.

Nakuombea kila siku.

Mama yako


Mtwara
27 Agosti 1972

Mama,

Shikamoo. Natumaini mguu umetulia na pacha wa mbuzi wanakua. Mimi ni mzima.

Nilikaa kimya kwa sababu nilikukasirikia. Niliona ni rahisi kuuliza maswali ukiwa Shirati, ambako hakuna ndege inayopita na mabomu. Lakini kila kasha nililoinua nikawa nakusikia wewe. Umeniharibia winchi, mama.

Nilimwomba Bwana Bakari anihamishie kwenye magunia ya korosho. Akasema bandarini mtu hachagui mzigo. Basi nikaacha kazi.

Celeste aliwaka. Alisema, "Yale makasha ndiyo yatakayoturudisha nyumbani, na wewe unayaona uchafu." Nikamwendea baba yake nikamwuliza, mtu asiyepigana ana kazi gani huko mtoni? Akasema majeruhi wanavushwa kwa mitumbwi upande wa Mahurunga, na watu wa kuwabeba kwenye matope ya mikoko hadi barabarani hawatoshi.

Ndiko ninakofanya kazi sasa. Machela inabebwa na watu wawili: mbele Mzee Fernando, nyuma mimi. Hatuzungumzi sana. Ila juzi alinigawia muhogo wake, na jana akasema nikuandikie habari za posa.

Mwanao,
Lukasi


Mtwara
10 Desemba 1972

Mama yangu,

Shikamoo. Mwilini sina neno, nawe Mungu akulinde. Nilifurahi kusikia kwamba mjomba Yohana anakuja Januari kuniposea. Sasa mwambie asije.

Jumanne alfajiri mtumbwi wa mwisho ulileta askari wa Wareno, mateka. Mtu mweusi kama sisi, Mmakua, paja limevunjika. Tulibeba wetu kwanza. Akabaki yeye peke yake ukingoni, na maji yalikuwa yanajaa.

Nikashika upande wangu wa machela nikamngoja Mzee Fernando. Akasema, "Huyo labda ndiye aliyewasha kiberiti. Ukimbeba, mbebe peke yako, na habari za binti yangu ziishe." Nikamwambia, "Mzee, kama ningeweza kumwacha huyu, hata bunduki ningeishika." Wengine wakatazama pembeni. Nikajaribu kumburuta, akalia kwa maumivu nikaacha.

Celeste alikuwa ameleta uji wa majeruhi. Akatua sufuria kwenye matope, akaja kushika upande wa mbele. Baba yake akamwambia akiinua asirudi nyumbani. Akainua. Alilia njia nzima, nami nililia nyuma yake, na hatukumwangusha yule mtu.

Amekatwa mguu, lakini yu hai. Celeste analala kwa Hadija, jirani yangu. Mzee Fernando bado anabeba, nami bado nabeba, ila hashiki machela moja na mimi. Sijuti. Machozi ya Celeste tu ndiyo yananiuma.

Mwanao,
Lukasi


Shirati
7 Januari 1973

Wanangu Lukasi na Celeste,

Nawasalimu wote wawili kwa pamoja, na huyo Hadija aliyefungua mlango wake mnishukurie. Celeste, hatujaonana. Mimi ni mwanamke mfupi mwenye maneno mengi. Utazoea.

Yohana haji. Nakuja mimi. Wazee wa kanisa wamesema mama haendi kuposa, nami nimewaambia basi waniombee njiani. Nitashuka Mtwara na meli ya kutoka Dar es Salaam mwezi wa Februari.

Nitakwenda kwa Mzee Fernando. Sitamwomba radhi kwa mlichofanya, kwa kuwa hamkukosa, wala sitamwambia kwamba yeye amekosa. Nitamwomba anisimulie mke wake alikuwa mtu wa namna gani, nami nitasikiliza mpaka amalize. Baada ya hapo ndipo nitamwomba binti. Akikataa, nitalala, na asubuhi nitamwomba tena.

Mama yenu