Mchumba wa Barabarani na Mchumba wa Nyumbani kwa Mama Yake

Mshauri wetu, nakuomba unijibu kabla ya Jumamosi, maana Jumamosi ndiyo harusi yangu na mpaka sasa sijui naolewa na mwanaume mmoja au wawili.

Mimi ni fundi cherehani, gauni la harusi nimelishona mwenyewe, kila shanga kwa mkono wangu. Mchumba wangu anatengeneza mafriji, mtu mpole, na juzi tulifunga safari kwenda kwao ambako harusi itafanyika, yeye akiendesha, mimi nyuma na mizigo, na mbele amekaa shangazi yake ambaye ukoo mzima unamwita Mama Breki kwa sababu akipanda gari anakanyaga sakafu utadhani ndiye dereva. Basi mchumba akasema anajua njia ya mkato, Shangazi akasema, "Njia hii hata marehemu baba yako ilimshinda," mwenzangu akacheka, tukaingia, na mvua ilikuwa imenyesha, gari likazama kwenye tope. Shangazi akawekwa kwenye usukani akaambiwa akanyage mafuta tu, sisi tukashuka peku kusukuma, tairi linazunguka linatumwagia tope usoni, na mwenzangu kwa haraka akachomoa mfuko kwenye buti akausokomeza chini ya tairi akidhani ni wa mashuka, gari likaruka, likaingia kichakani na Shangazi ndani anapiga yowe, na mimi nikaona shanga zangu zimetapakaa kwenye tope.

Mshauri, nilikaa chini palepale nikalia. Yule mwanaume akaja akakaa kwenye tope pembeni yangu, na suruali yake nzuri, hakuniambia ninyamaze, akasema, "Ni mimi. Sikuangalia." Akaenda kulifua gauni mtoni kwa mikono yake, taratibu kama anaogesha mtoto mchanga, Shangazi amesimama juu yake, "Usikamue wewe, bonyeza!" mpaka kicheko kikanitoka, tukacheka wote watatu, na moyoni nikajiambia, huyu nitazeeka naye.

Tulipofika kwao, mama yake akalikunjua gauni, doa la tairi bado liko kifuani, akauliza mbele ya dada zake, "Nani kafanya hivi?" Mwenzangu akaangalia viatu vyake. Nikamsubiri. Mama akanigeukia mimi, "Msichana gauni lake tu limemshinda kulitunza, mwanangu atamweza?" Shangazi akafungua mdomo, akatumwa jikoni, na mchumba wangu akabeba mizigo akaingia ndani. Nilipomfuata kwenye korido akaninong'oneza, "Unamjua Mama. Mwache aseme, atachoka." Nikamwambia, "Nitakayechoka ni mimi." Tangu hapo mama mkwe ananiita Mzembe kama ndilo jina nililopewa na wazazi, mwenzangu anakula ameinamia sahani, na dada yangu kwenye simu ananiambia nisivunje harusi kwa ajili ya kitambaa, lakini Mshauri, mimi silii kitambaa. Niambie, ni yupi anayenioa?

Fundi, chumba cha wageni

MSHAURI ANAJIBU

Pole, binti yangu. Nilicheka na Mama Breki, nikaacha kucheka mlipofika kwenye korido.

Wanakuoa wote wawili, kwa sababu ni mtu mmoja. Tofauti ni kwamba kwenye tope hapakuwa na mtu wa kumtia hofu. Pengine tangu utoto amezoea kuwa mama yake akinyamaziwa hupoa upesi. Sasa anataka na wewe uzoee. Kataa.

Ila hata wewe nina ugomvi nawe. Ulimsubiri aseme, hakusema, ukatupa neno moja kwenye korido, ukanuna, ukaja kuniandikia mimi nisiyemjua hata sura. Mwenzako unampa mtihani na hajui hata kama yuko ndani ya chumba cha mtihani! Umekaa nyumba hiyo siku chache tu na tayari umejifunza kunyamaza kama wao.

Leo, si kesho, mtoe nje mkatembee. Mwambie wazi kwamba hutaki agombane na mama yake wala amkosee adabu. Unachotaka ni yale maneno machache aliyokuambia wewe mmekaa kwenye tope, ayaseme mezani, mbele ya wote waliosikia ukiitwa mzembe. Usimsemee. Shangazi naye asimsemee, hata mdomo ukimwasha vipi. Na mama mkwe usimjengee chuki. Kaamini alichokiona kwa sababu hakuna aliyemwambia ukweli.

Akisema, hata kwa sauti ya kutetemeka, hata mama akivimba mpaka Jumamosi, olewa naye kwa furaha. Mwoga anayejaribu anaweza kukua. Lakini akikuambia "tutaongea baada ya harusi," ahirisha. Sikusema uvunje, nimesema ahirisha, mpaka hapo atakapoweza. Wageni wakikuta viti vimekunjwa watakusema sana, kisha watapata mwingine wa kumsema, nao watarudi makwao. Wewe ndiye utakayebaki naye.

Haya, weka kalamu chini. Kamwite.