Mzee Niliyemkata Kwenye Harusi

Jumatatu, 4 Machi
Video ya ile harusi imekwisha. Bibi harusi alikuja mwenyewe studio, akaketi nyuma yangu. Tukafika pale baba yake anapopewa maikrofoni. Mzee dereva wa lori, koti la kuazima, mabega yamembana. Akasema, "Mwanangu..." kisha akalia. Si machozi ya kupangusa — kilio! Ukumbi ukaangua kicheko.
"Toa hapo, dada," bibi harusi akasema. "Wakwe watanisimanga maisha."
Nimekata. Nimekata pia kichekesho cha mshereheshaji, kirefu kama foleni na hakichekeshi. Bosi hapendi mabaki yajaze diski, kwa hiyo nimeyafuta kabisa.
Nyumbani kimya. Tangu kaka amchukue mama, bado napika cha watu wawili. Mkono umezoea.

Jumanne, 5 Machi
Kuna mtu jikoni!
Nimerudi kazini, nimefungua mlango, nikamkuta mzee yule kando ya jiko. Koti lile lile. Mkono umeshika maikrofoni isiyokuwepo. "Mwanangu..." Kilio. Kisha anaanza upya. Vigae vya ukutani vinaonekana kupitia bega lake. Nikatimkia koridoni — na huko mshereheshaji! Anasimulia habari za bwana aliyeposa pacha akaletewa mwenzake.
Nimejifungia chumbani. Nikampigia bibi harusi, nikasingizia kuuliza kuhusu jalada la video. Na baba, hajambo? Hajambo kabisa, yuko safarini na lori.
Basi si mizimu. Ni zile dakika nilizofuta. Hazikuwa na pa kwenda.

Ijumaa, 8 Machi
Mtu huzoea hata kidonda. Leo nimewasalimu. "Shikamoo, mzee." Hajibu. Hana la kusema zaidi ya lile moja alilobakiziwa. Mshereheshaji namwonea huruma: akimaliza anatua, anangoja kicheko, hakiji. Nimecheka. Kwa hisani tu.
Mama kapiga simu. Katikati ya maongezi akauliza nani analia. Redio, mama. Akasema redio gani hiyo, huyo ni mtu. Nimwambie akae, kilio cha kusimama hakiishi.
Kumbe hata yeye anasikia! Nimemwekea mzee kiti. Hakai.

Jumatano, 13 Machi
Bwana harusi kapiga simu studio. Video nzuri, lakini stori ya pacha iko wapi? Ilimvunja mbavu! Akaisimulia yote upya kwenye simu, akacheka hadi akapaliwa.
Nimerudi — koridoni hapana mtu. Nimeita. Nimefungua hata kabati la mafagio.
Nimeelewa. Akitokea wa kumtaka, anakwenda zake.
Sikudhani ningemkosa mtu kwa kichekesho kibovu vile.

Jumapili, 24 Machi
Kutwa nzima na mzee. Nimepiga pasi, nimemsimulia habari za mama, jinsi wifi anavyompokonya simu kabla hatujaagana. Analia pale pale panapostahili. Bahati tu, najua.
Jambo jipya: kabla ya kilio kuna tabasamu. Dogo sana. Studio sikuliona, nilikuwa natafuta pa kukata. Hakulia kwa udhaifu, maskini. Furaha ilimzidi kimo.
Nyumba yenye mtu anayelia ni afadhali kuliko nyumba isiyo na mtu.

Alhamisi, 4 Aprili
Bibi harusi kaja studio. Macho yamevimba. Lori lilipinduka mteremkoni. Mzee wameshamzika.
Hana sauti yake popote. Amewapigia simu wageni wote, hakuna aliyerekodi. "Kile kipande, dada. Nipe hata kama kimeharibika. Nataka nisikie akiniita."
Bosi akajibu kwa niaba yangu: hakipo, pole sana. Nami nikaitikia kwa kichwa. Niseme nini? Kwamba baba yako yuko kwangu, kando ya sufuria?
Akaondoka ameshikilia ukuta.
Nimerudi karibu mbio. Ningekuta hayupo? Yupo! Nikafurahi — nikashika kifua kwa furaha. Halafu nikaona haya hata kumtazama.

Ijumaa, 5 Aprili
Sikwenda kazini. "Mwanangu..." anasema, naye anatazama juu ya kichwa changu. Siku zote alikuwa akitazama juu ya kichwa changu.
Si mimi anayemwita.

Jumamosi, 6 Aprili
Nimempigia bibi harusi asubuhi. Njoo nyumbani, nikamwambia. Akauliza, umekipata? Njoo tu, mdogo wangu.
Nimefagia jikoni. Nimemwomba mzee radhi, sijui kwa lipi hasa — kwa kumkata, au kwa kumficha.
Miguu kwenye ngazi. Anabisha.
"Dada, upo? Ni mimi."
Mzee amenyamaza! Mwezi mzima hajanyamaza. Amegeukia mlango. Anajipangusa uso kwa mkono wa koti — hilo halimo kwenye video, kile kipande nakijua kama jina langu. Sasa anakohoa, anasafisha koo, kama mtu mwenye maneno mengi.
Naandika nimeegemea mlango. Komeo liko karibu na bega langu.
Anabisha tena. Nimemwambia mzee asubiri kidogo tu, na mimi niage, kisha nifungue.