Fomu Iliyobaki Kabatini

Mama yangu mpendwa,

Shikamoo. Ofisa wa mfuko wa pensheni alitamka jana asubuhi kwamba kwenye faili la marehemu kaka limo jina moja tu, nalo ni lako. Nimeanza na hilo kwa kuwa najua ndilo unalolisubiri. Magoti yanaendeleaje? Dawa ya kuchua nimempa dereva, itakufika kesho kutwa. Mimi ni mzima wa mwili. Mengine utayasoma humu.

Fomu yenye jina hilo kaka aliijaza alipoajiriwa hapa kiwandani kwetu, kwenye uchapaji, miaka kumi na tisa iliyopita, kabla hajaoa. Shemeji alileta cheti cha ndoa. Ofisa akamwambia cheti kinathibitisha ndoa, lakini mfuko humlipa aliyeandikwa. Shemeji akauliza kama hiyo fomu ndiyo iliyomwogesha mumewe miezi minne. Foleni nzima ikaguna. Ofisa akavua miwani, akasema pole mama, kama ipo fomu mpya aliyoisaini akiwa hai, iletwe na aliyekabidhiwa, naye aape mbele ya kamati ya mfuko.

Uliniagiza nisimame imara, nimkumbushe shemeji kwamba mke hupatikana, mama ni mmoja. Mimi nilitazama viatu vyangu.

Mama, fomu mpya ipo. Ninayo mimi.

Kaka alinipa mwaka juzi niipeleke ofisi ya utumishi, kwa kuwa zamu yangu huisha kabla haijafungwa. Siku hiyo shemeji alikuwa amenitania mbele ya mafundi wenzangu kwamba mfuniko wa sufuria ukilia kwake, mimi nimeshavua viatu mlangoni. Wote walicheka, kaka akiwemo. Nikanuna. Fomu nikaiweka kabatini, chini ya glavu, mpaka hasira ziishe. Ziliisha siku ya tatu. Fomu ikabaki, na kila wiki iliyopita ikanizidishia aibu ya kuipeleka.

Kaka aliniuliza mara mbili. Mara ya pili alikuwa kitandani, hawezi kugeuka. Nilimjibu imepokelewa na kugongwa muhuri. Akashukuru, akalala.

Jina lako limo, lakini sehemu kubwa ni ya mkewe. Pembeni kuna alama ya dole gumba la kaka, wino ule ule wa kiwandani uliokuwa ukiusugua kwenye kola zake. Ulipomwita shemeji mwizi msibani nilikuwa nimekaa karibu yako, nikanyamaza. Nisamehe ukiweza, sikuombi uharakishe.

Nisalimie shangazi na majirani wa upande wa kisima. Shemeji nitamwambia mwenyewe Jumatano, nikitoka zamu. Kamati inakaa Alhamisi, saa tatu asubuhi, na nimeshajiandikisha; mimi ndiye wa kwanza kuapishwa.

Mwanao,
kitinda mimba wako