Kijerumani Nazungumza na Nani?

Jumamosi. Huku kwetu Bofu, ng'ambo ya feri, kumeamka na manyunyu, na mimi nimeamka na woga.

Leo nilialikwa kwenye kipindi cha asubuhi cha televisheni kuzungumzia fasihi ya Kijerumani. Nimeifundisha na kuihakiki miaka mingi, ila mbele ya kamera sijawahi kukaa. Nikavuka feri mapema, nikapakwa poda usoni mpaka nikajiona mgeni.

Nilianza vizuri. Nilieleza jinsi vita vilivyobadilisha uandishi wa Wajerumani, kisha nikagusia riwaya moja niipendayo, ya mjane anayekataa kuhama nyumba yake wakati mtaa mzima unabomolewa. Mtangazaji, kijana mchangamfu, akauliza huku anacheka:

"Sasa Daktari, hapa Mombasa Kijerumani unazungumza na nani?"

Hewani, watu wote wakitazama, nikanyamaza.

Jibu lilikuwa Salim. Mume wangu alikuwa akiwatembeza watalii, Kijerumani alikiokota hotelini kimevunjikavunjika, mimi nikamnyooshea. Tulikuwa tukigombana kwa lugha hiyo ili majirani wasijue. Tangu tumzike mwaka jana, sijatamka hata neno lake moja humu ndani. Darasani naifundisha, lakini huko si kuzungumza.

"Na vitabu," nikasema mwishowe. Watu wa studio wakacheka, tukaenda kwenye matangazo.

Nilirudi nyumbani nikazima simu. Niliona haya, na kibaya zaidi, hakukuwa na wa kumwambia.

Alasiri nikasikia hodi. Alikuwa Bi Mwanakombo, jirani yangu, makamo ya mamangu.

"Shikamoo, Bi."

"Marahaba. Nimekuona kwenye tivii, mwanangu. Ulipoulizwa lile swali nikamkumbuka marehemu. Mlivyokuwa mkigombana!"

"Kumbe mlikuwa mkielewa?"

"Lugha siijui. Lakini mlango ukibamizwa nilikuwa nausikia."

Nikacheka, mara ya kwanza leo, kisha kicheko kikageuka kilio. Hakunibembeleza. Alivua viatu, akaingia, akaketi kwenye kiti cha Salim, ambacho wageni wote hukikwepa.

"Haya," akasema. "Yule mjane wa kitabuni. Walimtoa nyumbani kwake au hawakumtoa?"

Nikaanza kumsimulia, kwa Kiswahili, toka mwanzo. Kila mara alinikatiza. Mtoto wa mjane alipokuja kumshawishi mamake auze nyumba, Bi Mwanakombo alipiga paja: "Wallahi, huyo hana haya!" Hatukumaliza. Adhana ya Magharibi ikamwinua, akasema kesho atarudi, inshallah, nisithubutu kuendelea bila yeye.

Ameondoka, na kimya kimerudi mahali pake.

Sijamwambia kwamba kitabuni hakuna anayerudi kwa huyo mjane. Mjane anashinda kesi, nyumba inabaki yake, na ukurasa wa mwisho yumo ndani peke yake, anasikiliza maji ya bomba.

Nimekisifu kitabu hicho kwa ajili ya mwisho huo huo. Usiku huu nautazama na siupendi. Mimi, mhakiki mzima, nafikiria kuubadilisha.

Je, kesho akiketi tena pale, nitampa mwisho upi?