Mashina Niliyodhani Yamekufa

Sosiot, Jumapili baada ya kanisa

Mpendwa Chebet,

Habari ya Morogoro? Huku hatujambo. Ng'ombe amezaa ndama jike. Bado tunamkosa babu yako, lakini siku hizi tunaweza kumtaja tukicheka.

Umeuliza kama wakulima wataelewa neno "bwete" katika kijitabu chako, yaani mmea ulio hai ila umeacha kukua kwa muda. Mimi ningelielewa haraka, maana niliwahi kuung'oa.

Nilikuwa nimeolewa juzi tu kutoka Sigor, na kwetu tulijua mahindi. Babu yako alipogoa chai ya mamake ikabaki mashina matupu, akaenda kazini. Nikaona imekufa. Nikashika jembe ili niwapandie wakwe mahindi wafurahi. Nilikuwa nimeng'oa mashina tisa mama mkwe alipofika mbio.

"Wewe msichana wa Sigor! Unazika mtu amelala?"

Nikalia, nikijua nitarudishwa kwetu. Yeye akanishika kidole, akakwaruza shina kwa ukucha wangu. Chini ya gamba palikuwa kijani kibichi.

"Umeona? Sasa lete maji, tuyarudishe haya ardhini."

Tulipanda tukicheka. Sita yalishika.

Kwa hivyo andika "bwete", halafu waambie wakwaruze kidogo. Wakikuta pakavu na kahawia, hilo limekufa, usiliite bwete. Lakini wasiharakishe jembe. Mimi nilivumiliwa, ndiyo maana nina wajukuu hapa.

Ukiomba jioni, unitaje na mimi.

Nyanya yako